Goti la Shemeji

Jumatatu, 3 Juni

Mkoba ni wangu!

Si wangu kabisa. Ni wangu mpaka Jumamosi. Lakini mkoba ukishalizoea bega la mtu, nani atauondoa?

Ilikuwa hivi. Mzee aliyekuwa akibeba mkoba wa huduma ya kwanza wa timu yetu ya mpira, timu ya kiwanda cha magodoro, amestaafu. Leo wakati wa chakula cha mchana Kocha, ambaye saa za kazi ni msimamizi wa mashine ya kukata sponji, akauliza nani kati yetu anajua mambo ya majeraha. Sista akanyoosha mkono. Mimi nikapanda juu ya benchi nikanyoosha yote miwili. Kocha akasema basi, wiki hii mkoba nibebe mimi, na baada ya fainali ya Jumamosi dhidi ya kiwanda cha sabuni ataamua nani awe mtabibu wa timu wa kudumu, mimi au Sista.

Mtabibu wa timu! Anakaa benchi moja na wachezaji. Anasafiri nao. Anavaa koti lenye maandishi mgongoni. Mimi ni mtunza stoo. Kazi yangu ni kujua magodoro yako wapi, na hakuna mtu aliyewahi kunipigia makofi kwa kujua godoro liko wapi. Lakini mtabibu akiingia uwanjani mbio na mkoba wake, watu wote wanasimama kumtazama. Nautaka mkoba huu kuliko kitu chochote mwaka huu, na nimejifunga kibwebwe.

Kuhusu Sista. Si sista wa hospitali. Anashona makava ya magodoro. Tunamwita hivyo kwa sababu ya unadhifu wake na ile tabia yake ya kumwambia kila mtu akanawe mikono. Alihudhuria kozi ya huduma ya kwanza, akapewa cheti, na cheti kakitundika juu ya cherehani ili tukione. Majigambo matupu.

Nimeufungua mkoba. Bendeji, pamba, chupa ya dawa ya baridi ya kupuliza, mkasi butu, nusu pakiti ya biskuti. Biskuti zilikuwa zimelegea kidogo. Nimezila.

Jumanne, 4 Juni

Kocha kaja stoo asubuhi na uso umemkunjamana. Anasema hofu yake kubwa ni magoti. Msimu uliopita tulipoteza wachezaji wazuri kwa magoti. Anataka kila mchezaji apimwe kabla ya fainali, akaniuliza kama nitaweza. Nikamwambia magoti ndiyo fani yangu hasa. Sijui maneno hayo yalitoka wapi. Yalitoka tu, na yakishatoka mtu huyasimamia.

Kwa hiyo leo nimesoma. Nilijibanza nyuma ya magodoro ya futi sita, nikafungua simu, nikaangalia video ya kupima kano za goti. Kumbe ndani ya goti mna kano, vitu kama kamba, na kazi yake inaelezwa kwenye hiyo video. Imeelezwa kwa sauti. Sauti sikuifungua, maana Sista alikuwa upande wa pili akichukua vitambaa, na mtaalamu hasikiki akijifunza. Si kitu. Mikono niliiona, na mikono ndiyo kazi yenyewe.

Mgonjwa analala chali. Goti linakunjwa, unyayo unakanyaga kitanda. Mpimaji anaukalia ule unyayo kidogo ili usikimbie. Anashika muundi kwa mikono miwili, hapo chini tu ya goti, anauvuta kuja kwake, kama mtu anayefungua droo. Basi! Hilo tu! Watu wanasoma miaka mingi kwa ajili ya kufungua droo!

Chini ya video palikuwa na maandishi: anza na goti zima, lizoee, halafu linganisha. Hapo ndipo akili inapohitajika. Nahitaji goti zima la mfano.

Langu siwezi kujivuta mwenyewe. Nimejaribu, nimeanguka kutoka kitandani. Nikaenda kwa mke wangu aliyekuwa anakunja nguo. Akasema nikimgusa goti kwa upuuzi huu atanipima kichwa kwa mwiko.

Ndipo nikamwona Shemeji.

Shemeji ni mdogo wake mke wangu. Alikuwa mpakiaji wa malori. Siku moja akaruka kutoka juu ya lori, akasema goti limelia paa, likavimba, akaja kwetu kupumzika kidogo. Hicho kidogo hakijaisha. Uvimbe uliondoka, uvivu ukabaki. Ukimtuma dukani anasema kuna ngazi. Ukimwambia abebe ndoo anasema goti litamtoka. Akigeuka haraka anashika ukuta, maigizo ambayo mimi na dada yake tumeshayazoea. Siku nzima yuko kwenye sofa, mguu juu ya mto.

Na hapo ndipo nilipopiga hesabu ambayo Sista na cheti chake asingeipiga. Goti lisilotumika haliwezi kuharibika! Magoti ya wachezaji yamechakaa. Goti la Shemeji limetunzwa kama vikombe vya wageni. Hakuna goti zima kuliko hilo mtaa huu wote.

Shemeji hakukataa. Alisema tu nivute taratibu. Nikakalia unyayo wake, nikashika, nikavuta. Lo! Muundi ukaja mbele wenyewe, laini, bila kipingamizi, kama droo ya kabati jipya. Nikasukuma, ukarudi. Nikavuta, ukaja. Shemeji akafumba macho, nadhani kwa raha.

Sasa najua goti zima linavyokuwa. Linateleza.

Jumatano, 5 Juni

Hali ya timu yetu ni mbaya kuliko Kocha anavyodhani.

Nilitandika godoro lililokatwa vibaya kwenye kona ya stoo, nikawaita mmoja mmoja. Wa kwanza Golikipa. Nikakalia unyayo, nikashika muundi, nikavuta. Haukusogea. Nikavuta tena. Ulisogea kidogo kama kucha, kisha ukagota, tap, ukakataa kabisa. Nikakanyaga ukuta kwa mguu mmoja nikavuta kwa nguvu zangu zote. Golikipa akaja mzimamzima pamoja na godoro, lakini goti lake, wapi! Limekaza kama droo iliyolowa mvua.

Nikaita mabeki. Wamekaza. Viungo wa kati, wamekaza. Mawinga, wamekaza. Timu nzima inatembea na magoti yaliyoganda, na hakuna hata mmoja anayejijua! Wanasema hawasikii maumivu. Huo ndio ubaya wenyewe, ugonjwa unakula kimyakimya.

Nilikaa chini nikafikiri. Nikisema wote ni wagonjwa, hakuna timu. Bila timu hakuna fainali, na bila fainali mkoba haupati mwenyewe. Kwa hiyo nimechagua watatu waliokaza kupita wote, Golikipa na mabeki wawili, nikamwambia Kocha kwamba hao Jumamosi wasiguse mpira. Kocha alitoa macho. Akauliza kama nina hakika, maana hao ndio ukuta wake. Nikamwambia kwa sauti ya chini, kama wanavyofanya madaktari, kwamba ningekuwa na hakika zaidi ningelia.

Golikipa kanuna. Anasema miaka yote anadaka na goti hilohilo. Nikamwambia ashukuru limemfikisha hapa.

Wakati huo Sista alikuwa amesimama mlangoni, eti kaja kutafuta uzi. Akaniuliza kama nimepima miguu yote miwili ya kila mtu. Nikamwambia sina haja, natumia goti la mfano, goti la kitaalamu, liko nyumbani. Akauliza goti la nani. Nikamwambia hizo ni siri za wagonjwa. Akaniambia nikanawe mikono.

Kijicho kitamuua yule.

Jumamosi niko tayari. Nimemwomba fundi wa kuchapa nembo za magodoro anipigie neno MTABIBU kwenye koti langu la mvua. Limekaa vizuri, ila chini yake limetokea pia neno IMARA na alama ya usingizi mwororo.

Alhamisi, 6 Juni

Nimeingia uwanjani mbio! Watu wamesimama kunitazama, kama nilivyoota!

Ilikuwa mazoezi ya jioni. Kiberenge, mshambuliaji wetu, kijana ambaye bila yeye tusingefika hata robo fainali, alikuwa anakimbia na mpira peke yake. Hakuna aliyemgusa. Akakanyaga, akageuka ghafla, akaanguka. Akapiga ukelele mmoja tu kisha akanyamaza. Mimi tayari nilikuwa njiani, koti linapepea.

Kiberenge kakamata goti kwa mikono miwili. Anasema limelia ndani, paa, na amehisi kama limetoka likarudi. Nikamwambia atulie, yuko mikononi mwa mtaalamu. Nikamlaza chali, nikakunja goti, nikakalia kiatu, nikavuta.

Nusura nipige vigelegele. Linateleza! Laini, linakuja mbele bila kugota popote, kama la Shemeji kabisa! Katika timu nzima yenye magoti yaliyoganda, huyu mmoja ana goti zima! Nikasimama nikamtangazia Kocha mbele ya wote kwamba goti la Kiberenge ndilo goti bora kuliko yote kiwandani, ni mshtuko tu, ninampulizia dawa ya baridi na Jumamosi anacheza.

Wote wakapumua. Kiberenge mwenyewe alinishika mkono. Alisema kwamba fainali hii ameingoja maisha yake yote, na kama mimi nasema anacheza, basi yeye ananiamini mimi. Hakuna mtu aliyewahi kuniambia hivyo stoo.

Lakini Sista naye! Akapenya katikati ya watu, akapiga magoti, akasema mtu huyu asikanyage mguu huo, awekewe barafu, mguu uinuliwe, na apelekwe hospitali akaonwe na daktari wa viungo. Nikamwambia nimeshapima. Akasema naye kaniona nikipima, na ndiyo sababu anasema apelekwe. Watu wengine walicheka. Nimewakumbuka wote waliocheka.

Tulipofika vyumba vya kubadilishia nguo goti lilikuwa limeshavimba kama mpira. Nikaeleza kuwa ni afya inatafuta pa kutokea. Kocha alikaa kando ya Kiberenge muda mrefu, kisha akatamka neno lake. Kesho mimi na Kiberenge tunakwenda hospitali kwa daktari wa viungo. Daktari akisema kama nilivyosema mimi, mkoba nakabidhiwa kesho hiyohiyo, hakuna kungoja baada ya fainali. Akisema vingine, mkoba unakwenda kwa Sista.

Vizuri sana. Mimi siogopi. Nimeshapata njia ya kumaliza ubishi kabisa. Daktari atasemaje goti la Kiberenge ni bovu, akiwekewa pembeni goti zima linaloteleza vilevile? Nitakwenda na ushahidi wangu.

Nitakwenda na Shemeji.

Ijumaa, 7 Juni

Sijui nianzie wapi.

Shemeji alikataa kwanza. Alisema hospitali hiyo ina ngazi. Nikamwambia kwa mara ya kwanza tangu aje kwetu atakuwa na faida kwa mtu. Dada yake akamwambia aende, walau akapunge upepo. Basi akaja. Ngazi zile alizipanda ubavuubavu, ameshika ubao wa pembeni, hatua kwa hatua kama bibi harusi. Nyuma yake Kiberenge anaruka kwa mguu mmoja, na hata yeye alikuwa anamngoja Shemeji! Nilimgombeza njia nzima. Nilimwambia aone haya, mgonjwa halisi anamngoja mtu mzima.

Daktari wa viungo ni mwanamke mnene mpole, mikono ya gauni kaikunja mpaka kwenye viwiko. Chumba chake kina kitanda kirefu, mipira mikubwa ya mazoezi, na mfano wa goti la plastiki mezani. Akauliza mgonjwa ni yupi kati yetu. Nikajitambulisha kuwa mimi ni mtabibu mwenzake kutoka magodoro, huyu ni mchezaji ambaye ana mshtuko, na huyu mwingine ni goti zima, nimekuja nalo la kulinganishia.

Akanitazama. Akasema hajawahi kuona mtu anakuja na goti la akiba. Akasema kila mgonjwa huja na goti lake zima la kulinganishia, nalo liko mguu wa pili.

Wazo hilo sikuwa nalo. Ni la kijanja, lazima nikubali.

Akaanza na Kiberenge. Hakuvuta kitu kwanza. Akamwambia avue suruali ya mazoezi, akayatazama magoti yote mawili yakiwa wazi. Akamuuliza ilikuwaje. Aligongwa au aligeuka? Alisikia sauti? Lilivimba papo hapo au kesho yake? Lilimtoka? Kiberenge akajibu yote, na kila jibu daktari anatikisa kichwa kama mtu anayesikiliza hadithi anayoijua mwisho wake. Halafu akashika goti lile zima, kwanza hilo. Akaliinua kidogo tu, mkono mmoja juu ya paja, mwingine kwenye muundi, akavuta. Likagota, tap. Akaniita nishike nisikie. Nikashika. Nikaijua sauti hiyo. Ni goti la Golikipa. Ni la mabeki. Ni la timu nzima.

Nikauachia mguu huo, nikarudi nyuma mpaka ukutani.

Akahamia kwenye lile lililovimba. Alingoja mpaka Kiberenge akalegeza paja, akisema mtu akijikaza misuli inaficha ukweli. Akavuta taratibu. Muundi ukaja, ukaja, ukaja. Akasema kwa upole kwamba kano ya mbele imekatika, atampeleka kwa daktari wa mifupa, na mpira kwa sasa basi. Akasema pia kwamba angecheza kesho angeweza kuharibu na mengine yaliyobaki ndani, na pengine asingecheza tena.

Kiberenge alinigeukia mimi. Sikuweza kumtazama.

Lakini mimi si mtu wa kukata tamaa! Nikasema, haiwezekani, kwa sababu hili hapa goti zima, na linateleza vilevile. Nikamsukuma Shemeji mbele. Daktari akamlaza. Akapima mguu wa kwanza, tap. Akapima wa pili. Akasimama. Akapima tena. Akainua goti, akalisukuma kwa pembeni, akalizungusha kidogo, nalo likaruka mikononi mwake mpaka Shemeji akaguna. Akamuuliza Shemeji goti hili limekuwa hivi tangu lini. Shemeji akasema tangu lori.

Daktari akachukua lile goti la plastiki. Akatuonyesha kano ya mbele, ile kamba nyembamba katikati. Akasema kazi yake ni kuuzuia muundi usichomoke kuja mbele. Goti zima likivutwa hukamata, kama mbuzi aliyefika mwisho wa kamba yake. Lisilokamata halina kamba. Kwa Shemeji kamba ilikatika siku ileile aliyoruka, na tangu siku hiyo anatembea bila hiyo. Akasema anashangaa mtu huyu alizipandaje ngazi zake.

Shemeji alilala pale kitandani akitazama dari, machozi yanamtiririka kuelekea masikioni. Si ya maumivu. Alikuwa anasema polepole kwamba alisema, alisema tangu mwanzo, si alisema?

Nimeona aibu. Naandika hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa. Nilikumbuka ndoo, na ngazi, na maneno niliyomgombezea ngazini asubuhi hiihii, nikatamani sakafu inimeze pamoja na koti langu.

Nyumbani mke wangu aliposikia alikaa sakafuni kando ya sofa, akamshika mdogo wake mguu akalia. Kisha akanigeukia mimi kwa sauti nyingine kabisa. Aliuliza ni mtu wa namna gani anamvuta mtu goti lililokatika na kuliita zuri. Nikasema na yeye pia alisema ni uvivu. Hilo lilikuwa kosa. Nimekula chakula baridi.

Aliyenitetea ni Shemeji! Alisema tusigombane. Alisema muda wote huo watu walikuwa wanalizungumzia goti lake, lakini mtu wa kwanza kuja kulishika ni mimi, na bila hivyo asingefika kwa daktari. Sasa atafanya mazoezi ya kukaza paja, na daktari wa mifupa atamwona.

Nimelifikiria sana jambo hilo. Kwa kweli ni mimi niliyeligundua.

Jumamosi, 8 Juni

Sista kaubeba mkoba. Kaufua kwanza! Unanukia sabuni, na bendeji kazikunja kwa ukubwa wake.

Mimi nilikaa kwa watazamaji, juu kabisa, koti nimeligeuza ndani nje. Kiberenge alikuwa benchi na magongo yake. Golikipa alirudishwa, mabeki wakarudishwa, na wote watatu walipopita mbele yangu waliyakunja magoti yao na kuyakunjua, wakinitazama.

Mechi ilikaza. Dakika za mwisho sabuni wakapata penalti. Mpigaji wao akapiga chini, kwa nguvu. Golikipa akaruka upande usio wa mpira, na mpira ukamgonga mguu uliobaki nyuma, palepale kwenye goti, goti nililolipiga marufuku, ukatoka nje. Uwanja ukalipuka. Tukapata kona upande wa pili, tukafunga, tukachukua kombe.

Golikipa akapita na kombe chini ya mahali nilipokaa, akalibusu kombe, kisha akainama akalibusu goti.

Baadaye nilimfuata Kiberenge nimwombe radhi. Nilikuwa nimetayarisha maneno mengi. Hakunipa nafasi. Alisema daktari kamwambia ana bahati, goti limewahiwa mapema kabla halijaharibika zaidi, na kwamba akivumilia mazoezi anaweza kurudi uwanjani. Halafu akasema hanidai kitu, ila nikimwona siku yoyote amelala chali nisimkaribie. Nimeahidi.

Kocha alimkabidhi Sista mkoba mbele ya watu. Wa kudumu. Nikapiga makofi, kwa sababu watu walikuwa wananiangalia. Sista akanijia, akanipa mkono, akasema kozi ya huduma ya kwanza inaanza tena mwezi ujao na anaweza kuniandikisha jina. Nikamshukuru kwa moyo mkunjufu. Mimi, kozi! Mtu aliyegundua kano iliyokatika ambayo nyumba nzima iliishi nayo bila kuiona!

Jumatano, 12 Juni

Mkoba mwingine umepatikana!

Kiwanda cha sabuni kina timu ya mpira wa wavu ya wanawake, na wanatafuta mtabibu. Wamesikia kwamba huku magodoro kuna mtu alimshika jamaa goti sebuleni kwake akafichua jeraha la siku nyingi. Wamesikia kwa sababu nimewaambia. Jumamosi ninaanza kwa majaribio, na wakiridhika mkoba ni wangu. Ni mkoba mpya, mwekundu, wenye zipu inayofunga.

Mpira wa wavu ni mabega. Na safari hii sirudii kosa. Nimekaa nikajichunguza kwa ukweli, nikaona pale nilipoteleza. Nilichagua mtu asiyefanya kazi! Goti lililokaa kwenye sofa lingenifundisha nini? Mfano lazima utoke kwa mtu aliyefanya kazi maisha yake yote. Yule daktari alisema linganisha na upande wa pili, lakini hayo ni mambo ya magoti. Mabega ni fani nyingine.

Na bahati ilivyo, Baba Mkwe yuko kwetu tangu jana, kaja kumwona mwanawe. Mzee mwenye heshima zake, kajenga nyumba za watu tangu ujana wake. Leo asubuhi tunakunywa chai, akanyoosha mkono kuchukua sukari, bega likalia, tak, likatoka mahali pake, nikaliona kabisa chini ya shati. Mzee hakukunja hata uso. Akalisukuma kwa mkono wa pili, likarudi, akaendelea kuzungumza. Nikamuuliza kwa adabu kama linamsumbua. Akasema limekuwa hivyo tangu alipoanguka kutoka juu ya paa siku za nyuma, na sasa halimuumi tena hata kidogo, linatoka na kurudi lenyewe.

Nikaweka kikombe chini. Mzee wa umri ule! Bega linatoka, linarudi, halina maumivu, halina kelele! Mwili uliokomaa kwa kazi! Nimemwomba ruhusa ya kulishika, akanikubalia, nimelitoa na kulirudisha mpaka mke wangu akanifukuza mezani.

Sasa najua bega zima linavyokuwa. Jumamosi nitawapima wote kabla ya mechi, mmoja mmoja, na dada yeyote nitakayemkuta bega lake halitoki, hachezi.